Kutembezwa Kibera

Mgeni atakaye kutembezwa Kibera, mjini Nairobi, yampasa kwanza alijue jina lake. Latokana na "kibra", yaani msitu kwa Kinubi. Mwanzoni mwa karne ya 20 serikali ya kikoloni iliwaruhusu askari wa Kisudani wa King's African Rifles wakae hapo, lakini haikuwapa hati ya ardhi. Wajukuu wao walingoja hadi mwaka 2017, Wanubi walipopewa hati ya ekari 288. Asiye na hati hujenga kwa udongo na mabati, maana aweza kuondoshwa wakati wowote. Basi vichochoro vile si maonyesho, bali ni historia. Mgeni na aongozwe na mwenyeji, apige hodi, wala asimpige mtu picha bila idhini yake.