Paa wa Themuni

Waambie watoto "Paukwa!", nao wakishajibu "Pakawa!", wasimulie kisa cha Sultani Darai. Kilisimuliwa Unguja, Padri Edward Steere akakichapisha London mwaka 1870, na mwaka 1901 Andrew Lang akakitia katika kitabu chake cha hadithi za watoto wa Uingereza.

Masikini aliyekuwa akichakura jaani aliokota themuni, akanunua paa. Paa yule akamposea binti wa sultani, akaua joka la vichwa saba, na jumba la joka likawa la bwana wake. Kisha paa akaugua. Bwana akaamuru apewe uji wa mtama hafifu. Kwani si alinunuliwa kwa themuni tu? Paa akafa, akatupwa kisimani. Bwana alipozinduka, yuko jaani, anachakura.

Mtoto hupenda paa asemaye. Mtu mzima huchomwa na ile themuni. Ndiyo maana kisa hakichakai.

Itazame Kariakoo yetu hapa Dar es Salaam. Jina lake latokana na Carrier Corps, wapagazi wa Waingereza katika vita vya 1914–1918. Walikufa maelfu kwa maelfu, wengi kwa maradhi, na wengi hawana hata kaburi lenye jina. Nao walihesabiwa kwa themuni.

Nasi je, nani ametubeba hata tukafika hapa? Wahenga walisema, usisahau ubaharia kwa sababu ya unahodha. Usiku wa leo, kabla ya hadithi, mpelekee mzee wako uji ulio bora.