Kukarabati nyumba Pwani: anza na paa, sola ije mwisho

Machi, kaskazi inapokatika na mvua za masika bado hazijafika, ndio mwezi ambao wengi wetu Mombasa huamua kwamba nyumba zetu hazikaliki. Saa nne za usiku kuta bado zina moto, feni inapuliza hewa kama ya tanuri, na watoto wameshuka vitandani wanalala sakafuni. Hapo ndipo mtu anapokopa kwenye chama, akanunua kiyoyozi, na baada ya miezi mitatu akaanza kulia na tokeni.

Nayasema haya kwa sababu nimo. Nyumba yetu ya Kisauni aliijenga marehemu baba: kuta za mawe ya matumbawe, paa la mabati, vyumba huku na huku na ukumbi katikati kama nyumba nyingi za Kiswahili. Mama alipozidiwa na joto, sisi watoto tulichanga tukamtilia kiyoyozi chumbani. Alikuwa akikizima kila tukiondoka, akisema kile kidude kinakula pesa zetu. Tulimwona mbishi. Kumbe mtambo ule ulikuwa unashindana na mabati yaliyokuwa futi chache juu ya kitanda chake, bila dari, na mabati yalikuwa yanashinda.

Kwa hivyo ukiwa na pesa za kukarabati na unataka nyumba inayotumia stima kidogo na isiyoharibu mazingira, swali kubwa ni mpango wa kazi: nini kitangulie na nini kifuate. Ukikosea mpango, utalipa mara mbili.

Wiki moja na daftari

Kabla ya kumwita fundi, shinda na nyumba yako wiki moja. Izunguke asubuhi, adhuhuri, alasiri na baada ya isha. Weka kiganja ukutani na kwenye dari, uandike wapi kuna moto na saa ngapi. Mombasa iko kiasi cha nyuzi 4 tu kusini mwa ikweta, kwa hivyo jua linapita karibu na utosi. Paa linapigwa mwaka mzima. Katika kuta, zinazoumia zaidi ni za mashariki na magharibi, na wa magharibi ndio mbaya kuliko wote kwa kuwa unakusanya moto wa jioni na kuutoa usiku mnapotaka kulala.

Andika na upepo. Kusi inavuma kutoka kusini mashariki tangu kama Aprili hadi Septemba hivi, kaskazi kutoka kaskazini mashariki tangu Desemba hadi Machi. Zote mbili zinakuja na upande wa bahari. Dirisha la mashariki ndilo mlango wa upepo, na lazima uwe na pa kutokea upande wa pili, la sivyo hauingii kamwe.

Halafu soma mita ya stima kila siku saa ile ile. Hesabu ya kila kifaa ni rahisi: wati zake mara saa unazokitumia, gawanya kwa 1,000, unapata yuniti. Feni ya dari ya wati 70 ikizunguka saa kumi haifiki yuniti moja. Kiyoyozi kidogo cha chumba kinavuta karibu wati 1,000 kompresa ikifanya kazi, na chumba kikiwa na moto kompresa haipumziki. Bafu la stima la wati 5,000 likitumika robo saa ni yuniti moja na robo, na hapa Pwani sijui nani anahitaji maji ya moto isipokuwa mgonjwa, mzee na mtoto mchanga.

Jambo ambalo wengi hawalijui ni kwamba tangu Aprili 2023 bei ya stima ya nyumbani ina ngazi tatu kulingana na matumizi ya mwezi: yuniti 30 kushuka chini, zaidi ya 30 hadi 100, na zaidi ya 100. Nyumba inayotumia 115 ikishuka hadi 95 haiokoi yuniti 20 peke yake, bali kila yuniti iliyobaki pia inakuwa rahisi zaidi. Ukijua uko wapi katika ngazi hizo, utajua kama kubadilisha friji la zamani kuna maana au la.

Paa

Hapa ndipo pesa nyingi ziende. Kama una mabati bila dari, tia dari, lakini usiibane. Iache nafasi kati yake na bati, na uache matundu chini ya ukingo wa paa na mengine juu kwenye kipeo, ili hewa ya moto ipande na kutoka. Matundu yazibwe kwa wavu wa chuma, la sivyo utawafugia popo na kunguru. Bati lenyewe ukilipaka rangi nyeupe linarudisha sehemu kubwa ya jua. Bati la rangi nyeusi au maruni linapendeza kwenye picha, lakini mimi silipendekezi kwa adui.

Ukibadilisha mabati, kumbuka hewa ya chumvi. Bati jembamba la bei rahisi karibu na bahari linaliwa na kutu katika miaka michache, na misumari inatangulia. Uliza unene, uliza mpako wake, na skrubu ziwe za aina isiyoshika kutu. Bati la kudumu ndilo la kuhifadhi mazingira, kwa kuwa halitupwi kila baada ya muda mfupi.

Wenye slabu wazi juu wana taabu nyingine. Zege linashiba jua mchana kutwa na kulitoa hadi alfajiri. Dawa ya kwanza ni nafuu: safisha, ziba nyufa, paka chokaa nyeupe, urudie kila mwaka. Dawa bora ni kivuli: kiunzi chepesi chenye mabati juu ya slabu, pande wazi upepo upite. Unapata na pahali pa kuanika nguo.

Makuti hakuna anayeyashinda kwa ubaridi. Lakini yanataka kubadilishwa kila baada ya miaka kadhaa, na moto ukishika nyumba moja katika mtaa uliobanana, hauchagui. Ukiwa shambani na nafasi kubwa, ezeka. Majengo au Lamu mjini, fikiria jirani.

Na kama paa lako ni la zile shiti za kijivu za asbesto zilizotumika sana zamani, simama hapo hapo. Usimruhusu kijana na nyundo apande. Vumbi lake likivunjwa linaingia mapafuni na kuleta saratani baada ya miaka mingi. Kuziondoa na kuzitupa ni kazi ya watu wenye leseni chini ya NEMA.

Upepo na sitara

Nyumba za wazee wetu zilikuwa na ujuzi ambao tumeuziba wenyewe. Ukumbi ulikuwa unatoka mlango wa mbele hadi uwani bila kizuizi, upepo ukipita moja kwa moja. Leo tumeweka kabati la vyombo mwisho wa ukumbi, tukajenga jiko la ziada uwani, tukaweka madirisha ya vioo vya kusukuma. Dirisha la kusukuma hata likifunguliwa lote, nusu yake bado imefungwa. Juu yake tukatia pazia zito kwa sababu ya sitara, maana wanawake wa nyumbani wanataka kukaa bila kuonekana na wapita njia. Ni haki yao. Lakini sasa wamekaa gizani, taa inawaka saa saba mchana, na feni ya pili inanunuliwa.

Dirisha la mbao lenye vipande vilivyoinamishwa, kama yale ya Mji wa Kale, linatatua yote mawili: upepo unaingia, mwanga unaingia, na wa nje haoni ndani. Kama mbao ni ghali, tumia vioo vya luva katika nusu ya juu ya dirisha na ufunike nusu ya chini. Matofali ya matundu juu ya milango ya vyumba yanasaidia hewa kupita hata mlango ukifungwa usiku. Sisi tulibomoa kabati la mwisho wa ukumbi, na wiki hiyo hiyo mama akahamishia kiti chake pale. Ilikuwa kazi ya mchana mmoja.

Ukuta wa magharibi upe kivuli: baraza lenye paa, kibanda cha mti unaotambaa, au mkilifi uliopandwa mbali kiasi, mizizi isije ikafika kwenye msingi na karo.

Kuta na chokaa

Kwenye nyumba ya mawe ya matumbawe, fundi wa siku hizi atakwambia upige plasta ya simiti ili ukuta uwe mgumu. Usikubali haraka. Jiwe la matumbawe linavuta unyevu na chumvi kutoka ardhini. Plasta ya chokaa inauachia unyevu utoke. Simiti inaufungia ndani, chumvi inajikusanya nyuma yake, na baada ya misimu kadhaa plasta inabanduka kwa vipande pamoja na uso wa jiwe. Sisi tulipiga simiti ukuta wa mbele, na tumeibandua.

Ukitumia chokaa, tafuta fundi anayeijua: iloweshwe mapema, mchanga uwe msafi, ipigwe tabaka nyembamba na ikauke polepole. Chokaa ya kuchoma matumbawe kwa magogo ya mkoko siipendekezi, nunua ya magunia. Boriti nazo hukatwa kwa kibali cha huduma ya misitu, KFS, kwa hivyo mwulize muuzaji karatasi zake. Boriti, milango na mawe ya nyumba ya zamani yanaweza kutumika tena, na hilo ndilo jambo la kuhifadhi mazingira kuliko rangi yoyote iliyoandikwa kijani kwenye mkebe.

Na popote penye zege na vyuma, maji ya kisima cha chumvi yasitumike kuchanganyia, wala mchanga wa ufuoni. Vyuma vinaoza ndani, slabu inapasuka kutoka tumboni.

Maji

Milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ya paa ni lita moja. Mombasa inapata kiasi cha milimita 1,000 kwa mwaka, kwa hivyo paa la mita 80 za mraba linaweza kukupa, baada ya kutoa yanayopotea, lita zaidi ya 60,000. Mengi yanakuja masika kwa pamoja, kwa hivyo tangi lako haliwezi kuyashika yote. Hata hivyo tangi la lita 5,000 likijazwa mara nne ni boza kadhaa ambazo hukununua. Weka bomba la kumwaga maji ya kwanza, yenye mavi ya ndege na vumbi. Maji ya udhu yapitishiwe bomba lake hadi kwenye miti, kwa kuwa hayana mafuta wala sabuni nyingi.

Sola, na makaratasi

Sasa ndiyo uite watu wa sola. Nyumba ikishapoa, taa zikiwa za LED, bafu la stima likiwa limeondolewa, mtambo unaohitaji unakuwa mdogo kuliko ule ambao ungeuziwa mwanzoni. Mwuzaji hatakwambia hivyo. Mpe daftari lako la mita, umwambie apige hesabu kwa yuniti hizo. Betri ndiyo gharama kubwa, kwa hivyo kazi za stima nyingi kama pampu, kufua na pasi zifanywe mchana jua likiwaka.

Fundi awe na leseni ya EPRA, mwombe namba yake. Paneli zielekee kaskazini kwa mwinamo mdogo ili mvua izioshe, ziachiwe nafasi ya upepo juu ya bati, na zipanguswe chumvi mara kwa mara. Kivuli chake chenyewe kitapoza chumba kilicho chini, basi ziweke juu ya chumba cha kulala kama mwelekeo unaruhusu.

Kubomoa ukuta, kuongeza ghorofa au kubadilisha umbo la paa kunataka idhini ya kaunti. Ukiwa Mji wa Kale wa Mombasa au Lamu, ambayo ni urithi wa dunia wa UNESCO tangu 2001, zungumza na ofisi ya uhifadhi ya Makavazi ya Kitaifa kabla ya kugusa hata dirisha. Fundi wako anaweza kukwambia hakuna haja. Atakayesimamishiwa kazi ni wewe.

Andikianeni na fundi kwa hatua, umlipe hatua ikiisha, na hatua ya kwanza iwe paa. Lifunguliwe Januari au Februari, lifungwe kabla ya mwisho wa Machi. Mwaka huo Ramadhani ikiangukia humo, ongeza wiki mbili kwenye hesabu yako na umruhusu fundi aanze alfajiri, kwa sababu hakuna mja aliyefunga anayestahili kuwa juu ya bati saa nane mchana.