Kanumba, Filamu Arobaini na Vibanda vya Mpanda

Mkoa wa Katavi ulizaliwa Machi 2012. Wiki chache baadaye, usiku wa kuamkia Jumamosi ya Aprili 7, mkesha wa Pasaka, mwigizaji wa filamu Steven Kanumba alifariki dunia nyumbani kwake Sinza, Dar es Salaam. Alikuwa na miaka 28. Waulize watu wa makamo mjini Mpanda, makao makuu ya mkoa huo, ni lipi wanalolikumbuka zaidi kati ya hayo mawili, nami sitashangaa ukitajiwa msiba kwanza. Mkoa ulikuja na mabango na ofisi. Kanumba alikuwa ameshaingia zamani, akiwa ndani ya kasha la plastiki lenye picha yake amevaa suti.

Alizaliwa Shinyanga Januari 8, 1984, mtoto wa Kisukuma, akasoma Shule ya Msingi Bugoyi na baadaye sekondari ya Mwadui kabla ya kuhamia Dar es Salaam. Mwaka 2002 alijiunga na Kaole Sanaa Group, kundi lililowatoa pia Vincent Kigosi, yaani Ray, na Blandina Chagula, yaani Johari. Alionekana katika tamthilia za Jahazi na Dira kupitia ITV. Mwaka 2003 Mkenya George Tyson aliongoza Girlfriend, filamu iliyowashtua wafanyabiashara wa Kariakoo: kumbe Watanzania wako tayari kutoa pesa yao kwa filamu ya Kiswahili. Kuanzia hapo kazi ikawa moto.

Mwaka 2006 Kanumba alicheza Dar 2 Lagos, kazi ya mtayarishaji William Mtitu, iliyoongozwa na Mnigeria Femi Ogedegbe. Safari ile ya Nigeria ilimfunza biashara kuliko ilivyomfunza uigizaji. Aliona jinsi wenzake wa Lagos walivyofyatua filamu mfululizo, akarudi na hamu ya kuwa mwenye mali na si mwajiriwa. Baadaye akafungua kampuni yake, Kanumba The Great Film. Akawa mtunzi, mwigizaji, mtayarishaji na mwongozaji kwa pamoja. Hadi anafariki alikuwa amehusika katika filamu zaidi ya 40, ndani ya miaka isiyofika 10.

Kazi zilitofautiana mno. Katika Uncle JJ na This Is It aliwapa nafasi watoto, na hadi leo naziona ndizo zenye uhai zaidi kuliko zote, kwa sababu mtoto hajui kujikausha mbele ya kamera. Katika Devil Kingdom, ya mwaka 2011, alimleta Mnigeria Ramsey Nouah. Nyingine zilikuwa na machozi mengi kuliko hadithi, na simu ilipigwa sebuleni hadi mtazamaji akachoka kuisubiri ipokelewe. Kisa kimoja kilikatwa vipande viwili, kikauzwa kama sehemu ya kwanza na ya pili, ili mnunuzi alipe mara mbili. Magazeti ya burudani yalilalamika, na watu wakaendelea kununua.

Huku kwetu, kununua halikuwa jambo la kila mtu. Filamu ilitoka Kariakoo kwa basi, au ikapanda treni hadi Tabora, ikakata kona Kaliua na kushuka na reli ya Mpanda, ile iliyofika mwaka 1950 kwa ajili ya madini ya risasi ya Uruwira. Masika ikiharibu barabara, hadithi ilingoja pamoja na sukari na saruji. Ikifika, iliingia kwenye kibanda umiza.

Kwa msomaji wa leo aliyekulia na simu mkononi, kibanda umiza ni chumba cha mabati au cha turubai, benchi za mbao zisizo na mgongo, televisheni juu ya meza iliyoinuliwa ili wa nyuma waone. Mlangoni kuna ubao, na chaki imeandika: LEO SAA 2 USIKU, KANUMBA. Jina la filamu halikuwa lazima. Mwenye kibanda anapokea sarafu, mtoto asiye nayo anachungulia kwenye tundu la msumari. Mpanda ilikuwa mbali na gridi ya taifa, ikitegemea majenereta ya dizeli ya TANESCO, kwa hiyo umeme ulikatika mara nyingi pale pale mama mkwe anapofungua mlango. Hapo ndipo mabishano yalipoanza: nani mwenye kosa, mume au mke? Msukuma aliyekuja na ng'ombe zake, Mkonongo, Mbende, Mpimbwe, Mfipa, na kijana wa Katumba ambaye wazazi wake walikimbia Burundi mwaka 1972, wote walibishana gizani kwa Kiswahili. Sijui ni kikao gani kingine cha mjini kilichowakalisha benchi moja namna hiyo.

Wanaomkosoa Kanumba husema alitengeneza nyingi mno. Hoja hiyo ni kongwe, na haikuanzia Sinza. Vienna, nchini Austria, alikuwako Franz Antel, aliyezaliwa 1913 na kufariki 2007, aliyeongoza filamu zaidi ya 90. Nyingi zilikuwa vichekesho vyepesi na vya chumbani, vingine akavitia jina bandia la François Legrand. Wahakiki walimdharau kwa miongo kadhaa. Kisha mwaka 1981 akatoa Der Bockerer, kisa cha muuza nyama wa Vienna asiyekubali kuwapigia magoti Wanazi, na mwigizaji wake mkuu, Karl Merkatz, akatuzwa katika tamasha la Moscow. Antel alipewa muda wa kuchekwa kwanza na kuheshimiwa baadaye. Kanumba hakuupata. Alizikwa Kinondoni Aprili 10, baada ya umati wa maelfu kumuaga viwanja vya Leaders. Novemba 2017 Mahakama Kuu ilimtia hatiani mwigizaji Elizabeth Michael kwa kumuua Kanumba bila kukusudia, ikampa kifungo cha miaka 2.

Nchi hii yenyewe ilikwisha kuwa na mwongozaji wa haraka miaka 70 kabla ya Kanumba kwenda Lagos. Mwaka 1935 Mwingereza Meja L. A. Notcutt alipiga kambi Vugiri, milima ya Usambara, kuongoza mradi wa sinema ya mafunzo kwa Waafrika, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Hadi mradi unafungwa mwaka 1937 walikuwa wametengeneza filamu zipatazo 35: kodi, akiba ya posta, minyoo ya safura, kilimo. Waigizaji walikuwa wenyeji. Sauti ilirekodiwa kwenye santuri peke yake, hivyo picha ileile ikaweza kusema Kiswahili hapa na lugha nyingine kule. Lori lenye jenereta lake liliizungusha Afrika Mashariki na Kati, likishusha kitambaa cheupe kila kituo. Mwenye kibanda cha Mpanda angemwelewa Notcutt bila mkalimani.

Baada yake wakaja Waafrika Kusini, wakipiga filamu za hadithi kwa Kiswahili mwanzoni mwa miaka ya 1950. Katika Muhogo Mchungu, nyota alikuwa kijana mtumishi wa serikali, Rashidi Mfaume Kawawa. Januari 1962 kijana huyo akawa Waziri Mkuu.

Sasa tazama kilichobaki. Kati ya zile filamu 35 za Vugiri, zinazojulikana kuwapo hadi leo ni 3 tu, nazo zimehifadhiwa London. Mojawapo inahusu wakulima wa Kingolwira, Morogoro. Austria ilianzisha hifadhi yake ya filamu mwaka 1955. Za Kanumba zilitoka kwenye diski za bei rahisi, zinazokwaruzika, na nakala zinazozunguka mtandaoni nyingi zimekatwakatwa, picha ina ukungu, na majina ya walioshika kamera na taa yameondolewa. Majina hayo ndiyo historia yenyewe, maana filamu hizo zilikuwa za watu wengi waliolipwa kidogo.

Kwa hiyo nina ombi kwa waliowahi kumiliki vibanda Mpanda, Inyonga, Karema, Katumba na Mishamo. Zile diski zilizo kwenye maboksi chini ya kitanda msizitupe, wala msiwape watoto wazichezee. Zifuteni vumbi, zihifadhini na makasha yake, kwa kuwa majina ya waliotengeneza yamechapwa nyuma ya kasha. Na halmashauri zetu, zikipanga bajeti ya maktaba, zitenge kabati moja na kompyuta moja ya kunakili. Gharama yake haifiki bei ya pikipiki.