Nani apange nyimbo za harusi?

Mwaka juzi tulimwoza binti wa ndugu yangu pale Sinza, Dar es Salaam. Kama ilivyo desturi ya mji huu, kamati iliundwa, kadi za mchango zikagawiwa, na vikao vikawa kila Jumapili jioni. Katika kikao cha mwisho mweka hazina alisoma hesabu. Ahadi zilikuwa nyingi, fedha taslimu kidogo. Ukumbi ulikwisha lipiwa, na chakula hakuna aliyethubutu kukigusa. Basi akapunguzwa mpiga muziki. Kijana mmoja wa nyumbani alijitolea kupanga nyimbo mwenyewe katika simu yake, na spika zikakodiwa mtaani.

Kijana yule hakufanya uvivu. Alipanga nyimbo sitini, zote mpya na zote za kuchangamsha, na wenziwe wakacheza mpaka mashati yakalowa. Lakini bwana harusi alikuwa mtu wa Shinyanga. Wazazi wake na baba zake wadogo walikuwa wamekaa ndani ya basi siku nzima ili wafike. Walikaa tena vitini pale ukumbini kwa muda wa saa tatu, na haukupigwa hata wimbo mmoja wanaoujua. Kabla ya zawadi wakaaga kwamba wamechoka na safari. Sote tulijua kwamba haikuwa safari. Tangu siku ile shemeji yangu kila alipowapigia simu wakwe alianza kwa kuomba radhi, nao walijibu kwa upole ule unaotisha kuliko ugomvi.

Sikumlaumu kijana peke yake. Kazi aliyopewa ina historia yake, na hakuna mzee aliyemweleza.

Wazaramo, wenyeji wa mji huu, walipozunguka na mdundiko mtaani hawakuwa na orodha yoyote. Mwimbishaji alimwona shangazi amesimama mlangoni, akamtia katika wimbo, na shangazi akaingia ngomani. Katika taarabu mambo yalikuwa hivyo hivyo. Mama aliyeguswa na maneno aliinuka kwenda kumtuza mwimbaji, na kwa kutuza kwake mwimbaji alijua ukumbi unataka nini, akaendeleza au akageuza. Kwa maneno mengine, wenye shughuli ndio waliokuwa wakipanga nyimbo, papo kwa papo.

Ikaja Sinza. Viwanja vya Sinza, pamoja na vya Kijitonyama na Mikocheni, vilipimwa katika mradi wa miaka ya 1970 uliopata mkopo wa Benki ya Dunia mwaka 1974. Waliojenga pale walitoka kila mkoa: makarani, walimu, madereva, wauguzi. Watoto wao walikua pamoja, wakasoma pamoja, na wakaoana. Harusi ya Sinza basi si harusi ya ukoo mmoja unaojua ngoma moja. Upande huu wa ukumbi wamekaa watu wa Pwani na upande ule watu wa Ziwa au wa Nyanda za Juu, na baina yao majirani wa miaka thelathini.

Kilichowaunganisha watu hao kilikuwa dansi, maana kila mmoja alilisikia kwa Kiswahili na kwa redio ile ile. Bendi ya NUTA ilianza mwaka 1964. Mlimani Park, yaani Sikinde, ilianza mwaka 1978, na ukumbi ulioipa jina hauko mbali na Sinza. Na hapa naomba kijana yeyote anayepanga nyimbo anisikilize vizuri. Wimbo wa dansi wa wakati ule haukuwa wa dakika tatu. Ulianza taratibu, kwa mashairi, na wazee wakainuka wawiliwawili. Baadaye ndipo likaja chemko: magitaa yanajibizana, tarumbeta zinapasua, na hapo vijana nao wanaingia. Wimbo mmoja uliwanyanyua watu wa rika mbili. Ukiukata katikati kwa kuona kwamba umepooza, umeukata mara tu wazee walipofika uwanjani, na chemko lenyewe hujalifikia.

Santuri iliwahi kutufanyia ukatili huo. Sahani ndogo ya mizunguko 45 haikutosha wimbo mzima, kwa hiyo upande wa kwanza ulikuwa na mashairi na upande wa pili una chemko. Katika harusi za nyumbani ilibidi mtu akae karibu na gramafoni ausubiri wimbo ukatike, ageuze sahani haraka, na wachezaji wasimame wakitazamana. (Palikuwa hata na wakati Serikali ilijitia katika kuchagua: mwaka 1969 muziki wa soul ulipigwa marufuku Mkoa wa Pwani, na Dar es Salaam wakati huo ilikuwa ndani ya mkoa huo.)

Santuri zetu zilikuwa zikichapwa Nairobi. Mwaka 1977 mpaka na Kenya ulipofungwa, njia hiyo ikawa ngumu. Bendi ziliendelea kurekodi katika studio za Radio Tanzania pale Barabara ya Pugu, ambayo sasa ni Barabara ya Nyerere, lakini nyimbo nyingi zilibaki katika kanda za redio, hazikuuzwa dukani. Mwananchi aliyezitaka aliweka redio-kaseti mezani, akangoja kipindi cha muziki, akabonyeza. Hivyo ndivyo zilivyoingia majumbani, na mara nyingi sauti ya mtangazaji imo humo humo.

Hapo ndipo lilipozaliwa fundi ninayemkumbuka kila mtaa, mtu wa kaseti. Alijua kwamba kaseti ya dakika tisini ina dakika arobaini na tano kila upande, na kwamba upande wa kwanza lazima uishie watu wakiwa wanakula, wala si maharusi wakiwa mlangoni. Aliandika orodha kwenye karatasi, akaenda kuzirekodi dukani Kariakoo, akarudi na kaseti tatu: ya kuingilia, ya chakula, na ya kucheza. Kwa kuwa nafasi ilikuwa ndogo, alilazimika kuuliza. Wimbo gani usikose? Mama wa bwana harusi anapenda nini? Simu ya leo inabeba nyimbo maelfu, na nadhani wingi huo ndio uliomfanya kijana wetu asione haja ya kumuuliza mtu.

Mwaka huu ikawa zamu ya mdogo wake bibi harusi yule, na fedha zikapungua tena. Kijana akapewa kazi ile ile, lakini safari hii shemeji yangu alimkabidhi na daftari. Akazunguka. Kwa kila mzee aliuliza swali moja: siku ya harusi yako mlicheza nini? Wakwe wa Shinyanga, ambao nao walialikwa, walimtumia bugobogobo iliyorekodiwa kijijini kwao kwa simu, pembe za majembe zinasikika. Shangazi mmoja alitoa uvunguni kaseti ya mwaka 1984, nayo ikahamishiwa katika simu. Mwishoni mwake ilikuwa na sauti ya mtangazaji. Kijana alitaka kuikata, shangazi akakataa.

Siku yenyewe watu wa Shinyanga walikuwa wa kwanza kuinuka, na baba mkwe alimvuta shemeji yangu kwa mkono mpaka katikati. Baadaye wimbo wa shangazi ukapigwa wote, mashairi na chemko. Ulipomalizika, mtangazaji akasema kwamba sasa ni saa mbili kamili usiku. Wazee wote waliokuwa uwanjani wakanyamaza kusubiri taarifa ya habari.