Manowari Moja, Bendera Tatu

Msomaji, ukitaka kuifahamu historia ya vita, usisome habari za majemadari peke yake. Chagua chombo kimoja, kifuate tangu siku kiliposhushwa majini hata siku kilipopumzishwa, nawe utajifunza mengi. Leo na tuifuate manowari moja ya doria ya Marekani, jina lake Gallup.

Manowari za namna hii huitwa frigeti. Si kubwa wala si za fahari. Gallup ilikuwa na urefu wa futi 304, na mwendo wake ulikuwa kadiri ya maili 20 za baharini kwa saa. Kazi yake ilikuwa kama ya mchungaji: kusindikiza meli za mizigo na za askari, kuzitafuta nyambizi za adui, na kuzitupia mabomu yapasukayo vilindini. Frigeti hizi zilifuata mfano wa Waingereza, nazo zilipewa majina ya miji midogo ya Marekani. Mji wa Gallup uko katika jimbo la New Mexico, mbali sana na bahari.

Manowari yetu iliundwa karibu na Los Angeles, ikaanza utumishi wake tarehe 29 Februari 1944. Mabaharia wake walitoka katika kikosi cha Walinzi wa Pwani. Mwaka ule ule ilipelekwa New Guinea, kisha Ufilipino. Mwezi wa Oktoba, siku chache kabla ya jeshi kubwa kushuka Leyte, Gallup na mwenzake Bisbee walikuwa katika kundi dogo lililotangulia kuviteka visiwa vilivyo mlangoni mwa ghuba.

Sasa tazama tarehe kwa makini. Mwaka 1945 Marekani ilikubali kuwapa Warusi vyombo vya kupigana na Japani. Huko Cold Bay, katika Alaska, mabaharia wa Kirusi wapatao 12,000 walifundishwa, wakakabidhiwa vyombo 149, na 28 kati yake vilikuwa frigeti. Gallup ilikabidhiwa mwishoni mwa Agosti, ikaitwa EK-22. Lakini Japani ilikuwa imekwisha kutangaza, tarehe 15 Agosti, kwamba inasalimu amri! Silaha ilifika na vita vyake vimekwisha.

Haukupita muda mrefu, urafiki wa Marekani na Urusi ukapoa. Marekani ikaidai mali yake, na mnamo Novemba 1949 Gallup ikarudishwa. Ilirudishwa wapi? Yokosuka, bandari ya Japani, nchi ile ile ambayo Warusi walipewa manowari hiyo wakapigane nayo.

Mwezi wa Juni 1950 vita vya Korea vilianza, na Gallup ikarudi kazini chini ya bendera ya Marekani. Safari hii Urusi, mwazimaji wa jana, ilikuwa upande wa pili, ikiisaidia Korea ya Kaskazini. Tena, mnamo Januari 1951, manowari ya Thailandi iitwayo Prasae ilipanda mwambani katika pwani ya Korea, ikapotea. Tarehe 29 Oktoba 1951 Gallup ikapewa Thailandi kujaza pengo lile, ikarithi na jina. Ikatumika hata mwaka 2000. Leo imehifadhiwa karibu na mlango wa mto Prasae, mto ambao inaitwa kwa jina lake.

Msomaji, wanafunzi wengi hulalamika kwamba tarehe ni mzigo wa kukariri. Ziondoe katika habari hii uone kinachobaki: chuma, rangi na mizinga mitatu. Zirudishe mahali pake, nawe utaona rafiki akigeuka mshindani, na bandari ya adui ikigeuka gati la kupumzikia, yote katika muda wa miaka sita. Maji hujaa na kupwa. Mapatano ya mataifa nayo ni vivyo hivyo. Basi usomapo kwamba nchi fulani ni rafiki au adui, uliza kwanza: ni mwaka gani?