Shamba Liko Madaba, Kesi Iko Wapi?

Ukitoka Njombe kwenda Songea, ukishauvuka mpaka wa Mkoa wa Ruvuma unaingia Madaba. Ni nchi ya mahindi, maharage na tangawizi, na siku hizi parachichi na miti ya mbao. Shamba ambalo babu alipewa kwa kunyooshewa kidole, "kuanzia mtoni mpaka pale kwenye mwamba", leo lina bei, na penye bei hapakosi ugomvi. Ugomvi ukishazuka, watu huuliza shamba ni la nani. Wazoefu wa mabaraza huuliza kwanza nani mwenye mamlaka ya kusikiliza. Historia ya nchi hii inawaunga mkono: mara nyingi aliyeteua msikilizaji ndiye aliyeamua mshindi.

Kabla ya wakoloni, katika falme za Wangoni, Njelu na Mshope, mashauri yalifika kwa manduna, wasaidizi wa mfalme, na hatimaye kwa nkosi, yaani mfalme mwenyewe. Novemba 1895 Wajerumani walitoa amri iliyotangaza kwamba ardhi ya koloni lao ni mali ya Dola, isipokuwa pale mtu, chifu au jamii itakapothibitisha umiliki. Mzigo wa ushahidi ukawaangukia wasiokuwa na karatasi. Kisha vikaja Vita vya Majimaji vya kuwapinga Wajerumani hao. Viongozi walionyongwa Songea mwaka 1906, akiwemo Nduna Songea Mbano, hawakuwa wapiganaji tu. Kwa mila za nchi yao walikuwa pia waamuzi wa mashauri.

Waingereza walileta Sheria ya Ardhi ya 1923 iliyoweka ardhi yote chini ya Gavana. Marekebisho ya 1928 yalimtambua mkulima wa kimila kuwa naye ana haki ya kukalia ardhi yake. Mwaka uliofuata, 1929, sheria ya mahakama za wenyeji iliziondoa mahakama hizo mikononi mwa Mahakama Kuu. Rufaa ikawa inapanda kwa Bwana Shauri, yaani ofisa wa kikoloni wa wilaya, kisha kwa mkuu wa jimbo, hatimaye kwa Gavana. Kwa hiyo mkono uliokusanya kodi na kugawa mashamba ndio uliopokea malalamiko ya mkulima. Mlowezi mwenye hati, yeye alikuwa na majaji wake. Wameru walipoondolewa kwenye ardhi yao mwaka 1951 kuwapisha walowezi, walimtuma Kirilo Japhet hadi Umoja wa Mataifa mwaka 1952. Alisikilizwa, lakini ardhi haikurudi wakati huo.

Baada ya uhuru ngazi hizo mbili ziliunganishwa. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963 iliweka Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya na Mahakama Kuu katika mstari mmoja, na kesi za ardhi ya kimila zikaanzia Mahakama ya Mwanzo. Lakini Azimio la Arusha lilipokuja na ujamaa wake, ardhi ilirudi kuwa shauri la siasa. Madaba inalikumbuka hilo kwa jina la Matetereka, moja ya vijiji vya Chama cha Maendeleo cha Ruvuma, ambavyo wakulima waliviunda kwa hiari yao hata kabla ya Azimio. Septemba 1969 chama hicho kilivunjwa na mali zake zikachukuliwa. Uamuzi ulitoka kwenye kikao cha TANU. Hakuna hakimu aliyeulizwa.

Operesheni Vijiji, kati ya 1973 na 1976, iliwahamisha mamilioni ya watu. Shamba la huyu likagawiwa yule, mara nyingi bila maandishi. Miaka ya 1980 wenye mashamba wa awali walianza kwenda mahakamani, hasa mkoani Arusha, na wengine wakashinda. Serikali ikashtuka. Mwaka 1987 ilitoa tangazo la kufuta haki za kimila katika baadhi ya vijiji, na mwaka 1992 Bunge likapitisha Sheria Namba 22, iliyofuta haki za kabla ya vijiji, ikakataza fidia na kuziondolea mahakama mamlaka, hata kwa kesi zilizokuwa zikiendelea.

Baba na mwanawe wa kijiji cha Kambi ya Simba, waliokuwa wamekwisha kushinda kesi yao iliyofunguliwa Arusha mwaka 1987, waliipinga sheria hiyo. Shauri hilo, Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na Joseph Lohay, liliamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1994 chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali. Mahakama ilisema haki ya kimila ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Vinginevyo Watanzania wengi wangekuwa wavamizi katika nchi yao wenyewe. Vifungu vilivyofunga mlango wa mahakama vilibatilishwa. Tangu 1895 hakuna hukumu iliyompa mkulima wa jembe la mkono heshima kubwa kuliko hiyo.

Baada ya Tume ya Profesa Issa Shivji ya kuchunguza masuala ya ardhi na Sera ya Ardhi ya 1995, zilitungwa sheria mbili za ardhi za 1999. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ilithibitisha ugawaji uliofanyika kati ya 1970 na 1977: aliyepewa shamba wakati wa vijiji ni lake. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002 ikaziondoa Mahakama za Mwanzo na za Wilaya katika kesi za ardhi. Ngazi zikawa Baraza la Ardhi la Kijiji, Baraza la Kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani.

Mwaka 2021 mambo yaligeuka tena. Baraza la Kata lilinyang'anywa uwezo wa kutoa hukumu, likabaki kusuluhisha. Usuluhishi ukishindikana, baraza hutoa hati ya kuthibitisha hivyo; zikipita siku 30 bila suluhu, mlalamikaji anaweza kwenda Baraza la Wilaya bila hati hiyo. Mwaka huohuo Kiswahili kilifanywa lugha ya sheria na mahakama.

Kwa hiyo, ndugu yangu wa Wino, Mahanje au Gumbiro, kabla hujauza gunia la mahindi upate nauli ya kesi, uliza kwanza unabisha mlango gani. Dai hati yako ya hakimiliki ya kimila mipaka ingali na mashahidi walio hai. Tunza muhtasari wa kila kikao cha usuluhishi. Hukumu iliyotolewa na chombo kisicho na mamlaka ni batili, hata kama ilikuwa ya haki.