Peter Sainsbury

Peter James Sainsbury (13 Juni 1934 – Julai 2014) alikuwa mchezaji wa kriketi kutoka Uingereza aliyeichezea kaunti ya Hampshire kuanzia 1954 hadi 1976. Alipiga kwa mkono wa kulia na kurusha mipira ya polepole yenye mzunguko kwa mkono wa kushoto. Katika mechi za daraja la kwanza alipata mikimbio zaidi ya 20,000 na wiketi (yaani wapigaji aliowatoa) zaidi ya 1,300, lakini hakuichezea timu ya taifa ya England mechi hata moja ya Testi, yaani mechi rasmi ya kimataifa. Ndiye mchezaji pekee aliyekuwa kikosini Hampshire ilipotwaa Ubingwa wa Kaunti mwaka 1961 na tena 1973.

Miaka ya mwanzo

Sainsbury alizaliwa Chandler's Ford, karibu na Southampton. Msimu wake wa kwanza kamili, 1955, alivuka wiketi 100, na Hampshire ikamaliza ya tatu, nafasi ya juu kuliko zote ilizowahi kushika hadi wakati huo. Majira ya baridi yaliyofuata alichaguliwa katika kikosi cha klabu ya MCC (Marylebone Cricket Club) kilichozuru Pakistan chini ya nahodha Donald Carr.

Mlango wa Testi haukufunguka. Mmoja wa wenzake katika ziara hiyo alikuwa Tony Lock wa Surrey, mrushaji wa aina ileile, aliyekwisha kujijengea nafasi katika timu ya England. Johnny Wardle wa Yorkshire naye aliwania nafasi hiyo, na kuanzia katikati ya miaka ya 1960 akaibuka Derek Underwood wa Kent.

Mtindo wa uchezaji

Zama hizo pichi za kaunti hazikufunikwa kikamilifu mvua iliponyesha. Pichi ikilowa na kuanza kukauka, mpira ulishika ardhi na kugeuka ghafla, na mrushaji kama Sainsbury akawa hatari. Siku za ukavu alitegemea kulenga sawasawa, akibana mikimbio huku mwenzake wa Hampshire, Derek Shackleton, akifanya vivyo hivyo upande wa pili kwa mipira ya kasi ya wastani.

Kwa kawaida alipiga katikati au mwishoni mwa safu. Alifikisha mikimbio 100 mara saba tu, alama yake ya juu ikiwa 163. Mchango wake mkubwa ulikuwa mikimbio 30 au 40 wakati wapigaji wa juu wamekwisha kutoka. Alisimama pia karibu kabisa na mpigaji, mahali panapohitaji ujasiri na mikono myepesi, na alidaka mipira zaidi ya 600.

Mataji mawili

Hampshire iliingia katika Ubingwa wa Kaunti mwaka 1895, lakini ilisubiri hadi 1961 kupata taji la kwanza, chini ya nahodha Colin Ingleby-Mackenzie. Ushindi ulikamilika tarehe 1 Septemba mjini Bournemouth dhidi ya Derbyshire. Shackleton alichukua wiketi 6 kwa mikimbio 39, na ya mwisho ikaangukia kwa Sainsbury, baada ya Danny Livingstone kudaka mpira uliopigwa na Bob Taylor.

Miaka 12 baadaye nahodha alikuwa Richard Gilliat, na wafunguzi wa kupiga walikuwa Barry Richards wa Afrika Kusini na Gordon Greenidge, mzaliwa wa Barbados. Wa kikosi cha 1961 alibaki Sainsbury peke yake, akiwa na umri wa miaka 39. Timu hiyo haikupoteza mechi hata moja ya ubingwa msimu mzima. Mwaka 1974 kitabu cha mwaka cha Wisden kilimtaja miongoni mwa wachezaji watano bora, heshima ambayo mara nyingi huwaendea nyota wa Testi.

Takwimu na baada ya kustaafu

Mechi za daraja la kwanza alizocheza zilizidi 600. Alikusanya mikimbio 20,176 na wiketi 1,316 kwa wastani wa takriban mikimbio 24 kwa kila wiketi. Urushaji wake bora katika zamu moja ulikuwa wiketi 8 kwa mikimbio 76. Alikuwemo pia Hampshire iliposhinda ligi ya Jumapili ya John Player mwaka 1975. Alistaafu 1976, kisha akawa kocha wa kaunti hiyohiyo. Alifariki akiwa na umri wa miaka 80.